Kutengeneza Rafu za Stoo ya Shule Pamoja na Wanafunzi

Katika shule nyingi za msingi stoo ni chumba kisichotazamwa na mtu mpaka siku kinapohitajika kitu. Vitabu hurundikwa sakafuni, majembe hulazwa juu ya vitabu, gunia la mahindi ya uji huegemezwa ukutani, na dumu la mafuta ya taa huwekwa popote palipobaki nafasi. Masika yanapokwisha, mwalimu mkuu hufungua mlango na kukuta vitabu vya chini vimeshikana kwa unyevu, na vile vilivyogusa ukuta vimekwisha kuliwa na mchwa kwa nyuma, ilhali majalada ya mbele yangali mazima. Hapo tena huandikwa barua ya kuomba vitabu vingine. Aghalabu kilichokosekana si fedha wala fundi. Zilikosekana rafu, na mbao chache zingetosha kuzifanya.

Makala haya yameandikwa kwa ajili ya wanachuo wanaojiandaa kwenda katika mazoezi ya kufundisha. Nia yangu ni kueleza namna ya kutengeneza rafu imara za stoo, na papo hapo kuonyesha namna kazi hiyo inavyoweza kufundishwa kwa Darasa la Sita bila kuwageuza wanafunzi kuwa vibarua. Mambo hayo mawili hayatengani. Mwalimu asiyejua kwa nini rafu husimama hataweza kumfundisha mtoto chochote kwa rafu hiyo, hata kama itasimama kwa bahati.

Mfano nitakaoutumia ni wa stoo ya shule moja upande wa Pasua, katika tambarare yenye joto iliyo chini ya mji wa Moshi. Chumba hicho zamani kilikuwa banda la kuegeshea gari: sakafu ya saruji yenye nyufa, kuta za tofali za saruji, paa la bati, na mlango mpana ambao baadaye uliziba nusu yake kwa tofali. Urefu wake ni meta 5 na nusu, na upana meta 3. Mabanda ya namna hiyo yamejaa katika miji yetu, nyumbani na mashuleni, na atakayeweza kuweka rafu katika stoo ya shule ataweza pia kuziweka katika banda la gari la nyumbani kwake, kwa kipimo kilekile.

Kabla ya kuendelea, yafaa nieleze kosa langu mwenyewe. Katika mwaka wangu wa kwanza wa kazi, katika shule nyingine kabisa, nilitengeneza rafu ya vitabu kwa ajili ya darasa langu. Ilikuwa na miguu miwili kila upande, na mbao tatu ndefu kiasi cha meta 1 na sentimeta 80 zilizopigiliwa misumari kati yake. Kwa macho ilipendeza. Baada ya mwezi mmoja mbao zilikuwa zimelegea katikati kwa kiasi cha vidole viwili. Baada ya mwezi wa pili rafu nzima ilianza kuinama upande wa kushoto, nami nikaisukuma kwa bega na kuongeza misumari. Jumatatu moja asubuhi tuliikuta imelala chini, na vitabu vimetapakaa darasa zima. Ilianguka siku ya Jumapili. Dawati lililovunjwa na ile rafu lilikuwa la watoto watatu wa mstari wa mbele, na kama ingengoja saa chache tu, watoto hao wangekuwa wameketi hapo.

Nililofanya vibaya katika useremala nitalieleza hivi punde. Lakini kulikuwa na kosa la pili, la ualimu. Nilipokuwa nikiitengeneza rafu ile nilikuwa na wanafunzi kumi na wawili. Walibeba mbao, wakanishikia, wakanipa misumari, wakafagia. Sikuwauliza swali hata moja. Rafu ilipoanguka hakuna mwanafunzi aliyeweza kusema kwa nini imeanguka, wala mwalimu wao hakuweza. Katika andalio langu la somo nilikuwa nimeandika kwa wino mzuri kwamba somo lilikuwa la kazi za mikono.

Mwalimu Julius Nyerere alipotoa andiko lake la Elimu ya Kujitegemea mwezi Machi 1967, alieleza kwamba shamba la shule liwe sehemu ya mafunzo yenyewe, na kwamba wanafunzi washiriki katika kupanga na kuamua, wala wasingoje amri tu. Azimio la Musoma la mwaka 1974 lilikazia tena uhusiano wa elimu na kazi. Inajulikana jinsi mambo yalivyokwenda katika shule nyingi: jembe lilibaki, na uamuzi ukabaki ofisini kwa mwalimu. Wengine wetu tulikuja kuijua kazi shuleni kama adhabu ya wachelewaji. Ndiyo maana nasisitiza kwamba katika kazi hii ya rafu mwanafunzi ndiye apime, ndiye akokotoe, ndiye aamue ubao ukatwe wapi, na ndiye akosee, maadamu kosa lake linafanyika katika karatasi kabla ya msumeno.

Kazi huanza kwa kuhesabu na kupima uzito, wala si kwa kununua mbao. Watoto waingie stoo kwa makundi, waorodheshe kilichomo: vitabu vya kila somo, majembe, mipira, ndoo, magunia. Kisha waulizwe: rafu yetu itabeba kilo ngapi? Wengi watataja tarakimu yoyote inayowajia kinywani. Hapo mwalimu alete mezani paketi moja ya karatasi nyeupe za A4 za kawaida, yaani za gramu 80 kwa meta ya mraba. Paketi hiyo ina karatasi 500. Karatasi moja ina eneo la sentimeta 21 kwa 29.7, na kwa hiyo watoto wanaweza kukokotoa kwamba ina uzito wa karibu gramu 5, na paketi nzima kilo 2 na nusu. Unene wa paketi ni sentimeta 5 hivi. Zikisimamishwa bega kwa bega, paketi 20 hujaza urefu wa meta 1, nazo ni kilo 50.

Kila mtoto wa Pasua ameona mfuko wa saruji, na pengine ameona jinsi kijana anayeubeba anavyopinda mgongo. Vitabu vilivyopangwa vizuri katika meta moja ya rafu vinakaribia uzito wa mfuko huo. Rafu tuliyokusudia ina urefu wa futi 12, yaani meta 3 na sentimeta 66, na madaraja 4. Zidisheni: meta 14 na ushei mara kilo 50 ni zaidi ya kilo 700. Nimeona darasa zima likinyamaza lilipofikia jibu hilo. Tangu hapo hakuna aliyependekeza tena kwamba misumari miwili itatosha.

Sasa swali la pili: ubao hupinda kwa kiasi gani? Hili lafaa lifanywe kwa rula ya mti ya meta moja, ile ya ubaoni, na matofali mawili. Lazeni rula bapa juu ya matofali yaliyoachana sentimeta 40, kisha ning'inizeni katikati kifuko cha mchanga cha nusu kilo. Pimeni imeshuka milimita ngapi. Sogezeni matofali hadi sentimeta 80, tumieni kifuko kilekile, mpime tena. Watoto hutazamia kwamba nafasi ikiongezeka mara mbili, rula nayo itapinda mara mbili. Kwa rula niliyoitumia mimi, milimita 2 au 3 za kwanza ziligeuka kuwa milimita 20. Kanuni yenyewe ni kwamba, kwa mzigo uleule uliowekwa katikati, nafasi ikirudufiwa kupinda huongezeka mara 8. Na katika rafu hali ni mbaya zaidi, kwa sababu nafasi ikirudufiwa vitabu navyo huongezeka: kupinda huwa mara 16. Kipimo cha watoto hakitatoa 8 kamili, nanyi msikilazimishe. Tofali likisogea kidogo au jicho likisoma vibaya, jibu hubadilika, na mazungumzo juu ya sababu za tofauti hiyo ni somo zuri kuliko jibu lenyewe.

Kisha isimamisheni rula kwa ubavu wake mwembamba, mtoto mmoja akiishika isianguke, mning'inize kifuko kilekile. Haitaonekana kupinda. Mti ni uleule, mzigo ni uleule, ila umesimama badala ya kulala. Watoto waulizwe wameona wapi jambo hilo, na watakuja na majibu: mbao za kenchi la paa, fremu ya kitanda, daraja la miti juu ya mfereji.

Hapa ndipo nilipokosea kwa mara ya kwanza katika rafu yangu. Niliacha nafasi ya meta 1 na sentimeta 80 bila kiegemeo, kwa kuwa mbao za unene wa inchi moja zilionekana kwangu kuwa nene. Kama ningeweka kiegemeo kimoja tu katikati, kulegea kule kwa vidole viwili kungebaki kiasi cha milimita mbili. Mwanachuo akikumbuka hilo ataokoa fedha pia, kwani watu wengi hudhani dawa ya ubao unaopinda ni kununua ubao mnene. Unene husaidia kweli: ubao wenye unene mara mbili hupinda sehemu moja ya nane tu. Lakini bei yake nayo huongezeka, ilhali kiegemeo cha katikati ni vipande vichache vya mbao.

Kosa langu la pili lilikuwa la umbo. Waambieni watoto walete mabua ya mahindi na miiba. Wachukue mabua manne, wayaunge kwa miiba katika pembe yawe mstatili, na wausukume kwa kidole. Mstatili utalala upande mara moja, ingawa hakuna bua lililovunjika wala mwiba uliong'oka. Waunde na pembetatu ya mabua matatu, waisukume vilevile. Haitalala mpaka kitu kivunjike. Kisha warudi kwenye mstatili, waongeze bua la mshazari kutoka pembe moja hadi nyingine, na wausukume tena. Mimi niliongeza misumari katika rafu iliyokuwa ikiinama. Ningepaswa kuongeza ubao mmoja wa mshazari nyuma yake. Watoto wa Darasa la Sita waliliona jambo hilo katika dakika kumi, kwa mabua, na sikuwahi kuoneshwa nilipokuwa mwanafunzi.

Kwa mafunzo hayo mawili umbo la rafu hujitokeza lenyewe, na ndivyo lilivyojitokeza kwa makundi karibu yote. Fikirini ngazi tano fupi zilizosimamishwa sambamba mbele ya ukuta. Kila ngazi ina miguu miwili, mmoja mbele na mmoja nyuma, na vipandio vinne. Mbao ndefu za rafu hupita katikati ya miguu na kulala juu ya vipandio. Kati ya ngazi na ngazi ni sentimeta 90 hivi, na nyuma kuna mbao mbili za mshazari. Mchoro ufanywe kwa skeli ya 1 kwa 20, ambayo huifanya futi 12 kuwa sentimeta 18 na ushei, ikaenea katika daftari lililolazwa.

Mbao katika maduka yetu huuzwa kwa futi na inchi, na darasani tunafundisha kwa meta. Msilifiche jambo hilo. Mtoto atakayekwenda dukani ataambiwa "mbili kwa mbili" na "moja kwa sita", naye hana budi kujua kwamba inchi ni sentimeta 2 na nukta 54. Pia apime mwenyewe ubao alioletewa, kwa kuwa unaoitwa inchi 2 mara nyingi haufiki. Sisi tulitumia saipresi, ambayo pamoja na msindano hupandwa katika shamba la miti la Kilimanjaro Magharibi na hupatikana Moshi kwa urahisi. Juu mlimani, katika vihamba, wengi wana mgrevilea uliopandwa kuwa kivuli cha kahawa, nao hutoa mbao nzuri kwa kazi hii. Mbao ngumu za msituni hazihitajiki hapa hata kidogo, na ni hasara kuzitafuta.

Kwa miguu tulichagua mbao za 2 kwa 2. Miguu ni 10, kila mmoja futi 6, na ubao mmoja wa futi 12 hutoa miwili, basi ni mbao 5. Kwa madaraja 4, kila daraja lina mbao mbili za 1 kwa 6 zilizolala kando kwa kando, na hivyo ni mbao 8. Upana wa daraja ni inchi 12, unaotosha kitabu chochote cha shule. Ukijumlisha unene wa mguu wa mbele na wa nyuma, kipandio kina urefu wa inchi 16, yaani sentimeta 40 na nukta 6. Vipandio ni 20, vya mbao za 1 kwa 3, vinavyosimamishwa kwa ubavu kama ile rula.

Hapo kwenye vipandio pana hesabu ninayoipenda kuliko zote. Waulizeni watoto: ubao mmoja wa futi 12 hutoa vipandio vingapi? Sentimeta 366 zikigawanywa kwa 40 na nukta 6 hutoa 9, na hubaki kidogo sana. Makundi yote yaliandika 9, kwa hiyo mbao mbili zingetoa 18, na ya tatu ingehitajika kwa ajili ya vipandio 2 tu. Wakaanza kubishana kama vipandio viwili vinaweza kuokotwa kutoka masalio. Niliwaacha. Kisha nikachukua msumeno, nikakata kipande cha ubao chakavu mbele yao, nikawaonyesha unga uliodondoka. Unga ule ulikuwa ubao! Msumeno wetu ulikula milimita 3 kila ulipopita. Ili kupata vipandio 9 ni lazima kukata mara 8, na huo ni upotevu wa sentimeta 2 na nukta 4. Jumla inazidi urefu wa ubao. Vipandio ni 8, na hubaki kipande cha sentimeta 38 na nusu, kisichofaa kwa kazi hiyo. Msichana mmoja aliyekaa nyuma, ambaye katika Hisabati hakuwa akisema neno, aliuliza kwa nini kitabu cha Hisabati hakina unga wa msumeno. Sikuwa na jibu zuri.

Kwa mbao tatu hupatikana vipandio 24, vinne ni vya akiba. Kwa mshazari huhitajika mbao mbili zaidi za 1 kwa 3. Zote pamoja ni mbao 18. Misumari iwe ya inchi 2 na nusu kwa kufungia vipandio kwenye miguu, na ya inchi 2 kwa kufungia mbao za rafu. Ya inchi 3 ingetokeza upande wa pili na kuchana mikono ya watoto.

Mbao zikifika zisikatwe siku hiyohiyo. Mbao mbichi husinyaa na kujipinda zikikauka, na msumari uliokaza leo hulegea baada ya miezi michache. Zipangeni kivulini kwa matabaka, kila tabaka likitenganishwa na vijiti, hewa ipite. Kipande kimoja kitiwe alama na kupimwa uzito kila Ijumaa, na tarakimu ziandikwe ukutani kwa grafu. Uzito utashuka haraka mwanzoni, kisha polepole. Ukikoma kushuka, mbao zimekauka kwa kadiri ya hewa ya mahali hapo. Katika joto la Pasua hili huja mapema kuliko kule juu kwenye ukungu wa mlimani, na mwanachuo atakayepangiwa shule za juu asipange kazi hii wakati wa masika, Machi hadi Mei.

Tatizo la kweli litakalowakabili ni wingi wa wanafunzi. Tangu ada ilipoondolewa katika elimu ya msingi, mwaka 2001, na michango kuondolewa kuanzia mwaka 2016, madarasa ya wanafunzi 70 na zaidi si jambo geni, na misumeno mtakayopata ni miwili. Mkiwatoa wote nje kwa pamoja, kumi watafanya kazi na sitini watacheza, na mmoja wa hao sitini ataumia. Ligaweni darasa katika makundi ya kazi mbalimbali zinazozunguka: kundi la kupima na kutia alama, kundi la kukata, kundi la kusugua kwa msasa, kundi la kuchora na kukokotoa, na kundi la kuandika maelezo ya kilichofanyika. Msumenoni wawe wawili tu kwa wakati mmoja, mmoja akikata na mwingine akishika ubao, nawe mwalimu usiondoke hapo. Makundi mengine yanaweza kujiongoza, lakini hilo haliwezi. Na zungusheni kweli. Nimekagua masomo ambamo wasichana walipewa msasa na ufagio tangu mwanzo hadi mwisho, na mwalimu hakutambua mpaka nilipomwonyesha orodha yake mwenyewe.

Katika kuunga, ngazi zote tano zitengenezwe chini, moja juu ya nyingine, ya kwanza ikiwa kielelezo cha zile zinazofuata. Tuliweka vipandio katika sentimeta 20, 65, 110 na 155 kutoka chini. Kila kiungo kipate misumari miwili isiyo katika mstari mmoja wa nyuzi za mti, maana misumari iliyofuatana huupasua. Pembe mraba zipimwe kwa njia ya waashi: sentimeta 30 kwenye mguu, 40 kwenye kipandio cha chini kilichoongezwa kwa rula, na kutoka ncha hadi ncha iwe 50 kamili. Ngazi zikisimama, lazeni mbao za rafu, na kabla ya kupigilia mshazari pimeni kwa kamba kutoka pembe hadi pembe ya rafu nzima, pande zote mbili. Kamba zikilingana rafu imekaa barabara. Zisipolingana, isukumeni mpaka zilingane, ndipo mpigilie. Mshazari ukipigiliwa juu ya rafu iliyoinama utaishikilia katika kuinama kwake.

Rafu isipofungwa ukutani haijakwisha, hata kama haitikisiki. Mshazari huizuia kuinama kando, lakini hauizuii kupinduka mbele, na mtoto anayetafuta mpira ulio daraja la juu atapanda daraja la chini kama ngazi, hata akikatazwa kila siku. Kwa ukuta wa tofali za saruji, toboeni kwa keekee, tieni plagi, mkaze skrubu kupitia vipande vya mbao vilivyofungwa kwenye miguu ya nyuma, juu, angalau mahali patatu. Kwa ukuta wa udongo, ambao hautashika plagi, fungeni miguu ya nyuma kwenye kenchi. Kazi ya skrubu hii aifanye mwalimu au fundi, watoto wakitazama.

Juu ya mchwa yapo maneno mengi, na mengi yana gharama. Mchwa wa ardhini hutoka udongoni na hupita katika vijia vya udongo ili asikaushwe na hewa. Sakafu ya saruji yenye ufa humtosha kupenya. Kwa hiyo kila mguu uwekwe juu ya tofali au jiwe, na kati yake na mguu kipande cha bati kilichopana kuliko mguu pande zote. Rafu ikae sentimeta 5 kutoka ukutani. Bati halimuui mchwa, ila humlazimisha kujenga kijia chake mahali panapoonekana. Zamu ya kukagua wapewe wanafunzi, kila Ijumaa, kwa kuangalia miguu kumi, matofali yake, na vile vipande vya ukutani ambavyo navyo ni njia. Kijia kikionekana kifutwe na mahali pake paandikwe. Wapo wanaopaka oili chafu ya magari. Mbao hupata harufu inayoingia katika vitabu, na oili hiyo ina madhara kwa ngozi, basi isiguswe na mtoto kabisa. Mwenye fedha na anunue mbao zilizokwisha kutiwa dawa kiwandani kwa ajili ya miguu tu.

Upangaji wa vitu wapeni watoto waamue, kwa masharti machache. Vizito vikae madaraja ya chini. Mafuta ya taa na dawa za shamba visikae humo kamwe pamoja na mahindi ya uji. Vitafutiwe sanduku lenye kufuli, kwingine. Mengine yote ni hiari yao. Darasa letu liliamua vitabu vya Darasa la Kwanza vikae daraja la pili kutoka chini, kwa kuwa, kama walivyoandika katika maelezo yao, wadogo hutumwa kuvichukua na hawafiki juu.

Vile vipande vitatu vya sentimeta 38 na nusu vilivyosalia navyo viliombwa. Kundi moja lilivipigilia ukutani karibu na mlango, likatoboa matundu kwa kuelekea juu kidogo na kutia vigingi vya mgrevilea, na majembe yakatundikwa hapo, makali yakitazama ukuta.